Fidia ya Shamba Huamuliwa Siku ya Kuhesabu

Barabara inapopangwa kupita mashambani hapa Zanzibar, wenyewe huuliza kwanza watalipwa lini. La kuulizwa kwanza ni nini kimeandikwa katika fomu ya uthamini, ambamo mthamini huorodhesha miti na majengo ya kulipiwa fidia. Fidia iliyopunjwa mara nyingi imepunjwa siku ile ile ya kuhesabu, miezi mingi kabla ya malipo.

Katiba ya Zanzibar ya 1984, kifungu cha 17, inalinda mali ya mtu isichukuliwe bila ya fidia. Ardhi yenyewe, kwa Sheria Namba 12 ya 1992, ni ya umma chini ya dhamana ya Rais, na mwananchi hupewa haki ya kuitumia. Ndiyo maana uzito wa fidia hapa kwetu huangukia vipando na majengo. Tena mti unaweza kuwa na mwenyewe asiyekuwa mwenye shamba, hasa mikarafuu ya Pemba. Ardhi si jambo la Muungano, kwa hiyo anayedai posho ya usumbufu kwa Sheria ya Ardhi ya Bara ya 1999 amebeba sheria isiyotumika Visiwani.

Tuje kwenye miti, ambako ndiko kwenye hasara kubwa. Haitoshi kuandika "minazi 30". Mche wa mwaka mmoja, mnazi unaoanza kuzaa na mnazi uliokomaa ni bei tatu mbalimbali. Chukua mfano wa kubuni: mnazi unaozaa nazi 40 kwa mwaka, nazi moja shilingi 500, ukitoa kwa kila nazi shilingi 100 za mkwezi na ubebaji. Unabaki na shilingi 16,000 kwa mwaka. Mnazi mrefu wa asili huchukua kama miaka 7 kuanza kuzaa, kwa hiyo pengo la kungojea mche mpya uzae peke yake ni shilingi 112,000, kabla ya gharama ya mche na palizi. Wapo wathamini wanaopunguza kiasi hicho kwa sababu pesa inalipwa leo kwa mavuno ya baadaye. Hoja hiyo ina msingi, ila kiwango cha makato kiandikwe wazi. Mkarafuu una tabu zaidi: hauzai sawasawa kila mwaka, na ukichukua mavuno ya mwaka mmoja mbaya umemdhulumu mwenyewe. Hesabu ya haki hutumia wastani wa misimu kadhaa.

Kwa nyumba, mthamini hupima eneo na kulizidisha kwa gharama ya ujenzi. Nyumba ya mita 9 kwa 8 ni mita za mraba 72. Tukijaalia shilingi 400,000 kwa kila mita ya mraba, ni milioni 28.8. Akikata uchakavu wa asilimia 30, zinabaki milioni 20.16. Kwa pesa hizo hujengi nyumba ile ile, kwani duka la saruji halikuuzii mfuko kwa bei ya uchakavu! Miradi inayofuata masharti ya Benki ya Dunia hulipa gharama kamili ya kujenga upya bila ya makato hayo, kwa hiyo uliza mapema mradi wako unafuata utaratibu gani. Vinavyosahauliwa ni vya nje: choo, karo (shimo la maji machafu), kisima, ukuta, msingi ambao haujanyanyuliwa. Makaburi yana mazungumzo yake na familia.

Jina nalo huzuia malipo. Shamba la marehemu lisiandikwe kwa jina la ndugu aliyekuwepo siku hiyo tu. Liandikwe "warithi wa fulani", na mafungu yapatikane kwa Kadhi. Mali ya wakfu ipelekwe Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana. Majina yalingane na kitambulisho cha Mzanzibari mkaazi, herufi kwa herufi.

Tembea na mthamini mti kwa mti, sheha (kiongozi wa serikali wa eneo lenu) awepo, na ubaki na nakala ya fomu. Kutia saini kwamba hesabu ni sahihi si kukubali kiwango cha pesa, lakini soma kwanza maneno yaliyo juu ya saini. Usiporidhika, andika pingamizi kwa kutaja kipengele, kwa mfano "mikarafuu 6 iliyokomaa imeandikwa miche". Ikishindikana, ipo Mahkama ya Ardhi, iliyoundwa kwa sheria ya 1994.

Ulizia pia siku ya kukata miti. Ikiwa karafuu zimekaribia kuchumwa, omba kwa maandishi muda wa kuchuma. Na kama umeshamkodisha mtu mavuno, naye atajwe katika fomu, maana pesa yake imo juu ya mti.