Sammo Hung: dairekta aliyejua kuanguka kabla hajashika kamera

Watu wengi nikiwatajia Sammo Hung wanasema aah, yule bonge rafiki yake Jackie Chan, na inaniuma kweli, maana kwa sisi tunaopanga mapigano ya muvi huyu jamaa ndo shule yenyewe.

Kazaliwa Hong Kong 1952, bado mdogo akapelekwa shule ya opera ya Kichina kwa mwalimu Yu Jim-yuen, mkali balaa, kule ni sarakasi, kusimama kwa mikono, kuimba, na ukizembea ni fimbo. Jackie na Yuen Biao walikuwa humohumo, Sammo ndo kaka yao mkubwa. Opera ikakosa watazamaji, vijana wakahamia kwenye muvi kuruka na kupigwa kwa niaba ya mastaa. Yule anayepigana na Bruce Lee mwanzoni kabisa mwa Enter the Dragon, 1973, ndo yeye. 1977 akaongoza muvi yake ya kwanza.

Sasa hapa ndo nataka mnielewe vizuri. Dairekta asiyejua kuanguka anaibana kamera usoni kwa steringi, ngumi ikija anakata, unaona bega, unaona ukuta, hujui nani kampiga nani. Sammo anarudisha kamera nyuma umwone mtu kichwa mpaka miguu, anaacha mapigo matatu manne yaende ndani ya shoti moja, yaani bila kukata, halafu pigo zito analipa shoti yake peke yake, kamera ikiwa upande ambao ile nafasi kati ya ngumi na shavu haionekani. Kisha wote wanatulia kidogo. Huo mtulio umetoka opera, ngoma inapiga na mchezaji anaganda, jicho lako linapata muda wa kushika kilichotokea. Kweli, Hong Kong walizoea kurekodi chini ya fremu, yaani picha, 24 kwa sekunde ili mwendo uongezeke kasi, ila kama mwili hauna mizani hiyo mbinu haikuokoi.

Halafu pigano lake lina hadithi ndani. Kwenye The Prodigal Son ya 1981, Lam Ching-ying ni fundi wa Wing Chun, mtindo mmoja wa kung fu, mwenye pumu, pumu inambana katikati ya pambano na mpinzani anaacha kupiga, hataki ushindi wa namna hiyo. Mimi kwangu hiyo ndo kazi yake bora kuliko zote, hata kuliko Wheels on Meals ya 1984 ambapo teke la Benny Urquidez linazima mishumaa kwa upepo tu.

Na hakuishia ujanani. Ip Man 2, 2010, kipindi hichohicho alichofanyiwa upasuaji wa moyo, yuko juu ya meza ya duara na Donnie Yen, steringi wa muvi hiyo, viti vimepinduliwa miguu juu kuwazunguka, anayedondoka kaisha. Itazame tena ukifuatilia miguu yao tu, ngumi ziache.