Acheni Kuniambia Mogadishu Ilikuwa Kazi ya Wiki Moja

Jumamosi nilikuwa kwa kinyozi hapa Jinja, wembe uko shingoni, kijana aliyekuwa akingoja zamu yake akasikia kuwa niliwahi kutumwa Somalia. Hakuniuliza chochote. Alinieleza. "Mzee, nyinyi mlikuwa na vifaru, wale walikuwa na ndala miguuni. Wiki moja ilitosha. Mlivuta siku mle posho." Waliokaa kwenye benchi wakaitikia. Maneno hayo hayo nimeyasikia kwenye basi la Kampala, nimeyasikia msibani, na mwaka jana nikayasikia kwa ofisa mwenye nyota begani aliyekuja kwenye mafunzo ninayosaidia kuyaendesha. Huyo wa mwisho ndiye aliyeninyima usingizi, maana yeye ana watu chini yake.

La posho nalipita haraka. Ilikuwepo, na kuna vipindi ilichelewa kwa miezi. Lakini kati ya 2009 na 2010 askari zaidi ya 200 wa AMISOM, jeshi letu la Umoja wa Afrika lililopigana na al-Shabaab huko, walivimba miguu, pumzi zikawakatika, wanne wakafa. Ulikuwa ukimbonyeza mwenzako kwenye muundi, kidole kinaacha shimo na shimo halirudi. Ilikuwa beriberi, ukosefu wa vitamini B1, kwa sababu ya mgao ule ule wa chakula siku nenda siku rudi. Mtu wa kuvuta siku hachagui kuzivutia hapo.

Sasa tuje kwenye mji wenyewe. Anayeutazama mji kwenye ramani huona barabara akadhani ndizo njia. Kwa askari wa miguu, barabara ni mahali pa kufia. Ni mfereji ulionyooka, kuta huku na huku, na bunduki moja ya rashasha iliyowekwa mwisho wake inaufunga wote hata kama anayeifyatua hajui kulenga. Barabara ya Maka al-Mukarama, inayotoka njia panda ya K4 kupanda hadi Villa Somalia, ikulu ya rais, tuliipita ndani ya magari ya kivita, Casspir na Mamba, na bado haikuwa salama.

Na mdunguaji hakai dirishani. Yuko ndani kabisa ya chumba, amelala juu ya meza, anatazama kupitia tundu la ukubwa wa ngumi, na mbele ya tundu hilo kuna chumba kingine chenye tundu lake. Wewe uliye nje huoni mwali wala moshi. Unasikia mlio ukidunda kwenye kuta nne, na kila askari anaonyesha kidole upande wake.

Mlango nao ni barabara fupi. Kila mtu huingilia mlangoni, adui analijua hilo, kwa hiyo ndipo anapotega bomu, na ndipo anapoelekezea mtutu. Vijana wa siku hizi wanafika mafunzoni wakiwa wameshajifunza kwenye simu namna ya kupiga mlango teke. Nawaambia wote: mlango uache. Tunapita ukutani.

Hapo ndipo sisi wahandisi wa medani tulipopata kazi. Nilienda mwaka 2010, na kwa miezi mingi silaha zangu zilikuwa mtaimbo, nyundo ya ratili kumi na nne na, palipobidi, baruti. Unatoboa tundu la kiasi cha mtu kupita ameinama, platuni inaingia nyumba ya kwanza, unatoboa la pili, inaingia ya pili, na mtaa mzima unapitwa bila mtu kuliona jua. Wala haikuwa busara mpya. Kila jeshi lililopigana mjini limeigundua upya baada ya kuzika watu wake.

Kuta nazo hazifanani. Wasomaji wa Lamu, Mombasa na Unguja watanielewa upesi, kwa sababu mitaa ya kale ya Mogadishu, Hamar Weyne na Shangani, imejengwa kama mitaa yao: mawe ya matumbawe na chokaa, ukuta mnene kama urefu wa mkono hadi kiwiko. Ukuta wa matofali ya saruji ukiupiga kwenye maungio unafunguka vipande vipande, na risasi nzito inaupenya. Wa matumbawe unaimeza risasi. Ukiuchoma mtaimbo haupasuki, unamwagika. Unavuta jiwe moja, yanashuka mengine kumi na vumbi jeupe la chokaa, unakohoa mpaka adui aliye nyumba ya tatu anajua ulipo, na tundu ulilotaka liwe la mtu mmoja linakuwa la ng'ombe, boriti za dari zinaanza kulia. Mara mbili nilisimamisha kazi kwa kuogopa ghorofa lisitushukie.

Usiku mmoja nilikuwa napiga ukuta wa namna hiyo. Kawaida unapiga mara tatu, nne, kisha unanyamaza kusikiliza. Nilipiga tatu, nikanyamaza. Upande wa pili mtu akapiga tatu.

Kitabu kinasema guruneti kwanza, halafu mtu. Nimekifundisha kitabu hicho na nakiamini. Usiku ule kamanda wa platuni alinishika bega, akamwita mkalimani, na mkalimani akaweka mdomo kwenye ufa akasema kwa Kisomali, pole pole, kama mtu anayeongea na mgonjwa. Kulikuwa na mzee na wajukuu wawili nyuma ya kabati. Tuliwatoa kwa tundu lile lile. Lakini nikiulizwa na ofisa mwanafunzi kama kamanda alifanya sawa, nashindwa kumpa jibu moja. Wiki chache baadaye, kwingine, tuliita kwanza, na aliyejibu alijibu kwa risasi. Tulimpoteza kijana wa Gulu aliyekuwa na umri wa miaka ishirini na mbili. Kila ukuta uliuliza swali lile lile, nasi hatukuwa na taa ya kumulika upande wa pili.

Nimekuja sasa kwenye jambo lenyewe linalonikera, na hapa naomba uvumilivu. Vitabu vinatumia neno "kusafisha". Kombania imesafisha nyumba arobaini. Watu wanalisikia kama vile kufagia: ukishafagia, pamefagiliwa. Mjini hakuna kitu kama hicho. Nyumba uliyoisafisha saa nne asubuhi ukaiacha, saa sita ni ya adui tena, na safari hii iko nyuma yako. Na njia aliyorudia ni ipi? Ni tundu nililotoboa mimi. Tundu halina upande. Nimeona watu wakipigwa migongoni kupitia kazi ya mikono yangu, na tangu hapo sikutoboa ukuta bila kuuliza kwanza nani atakaa kwenye tundu hili tukishapita.

Nani atakaa. Fanya hesabu ndogo. Una kombania ya watu 120. Kila nyumba unayotaka ibaki yako inahitaji watu wanne: wawili macho, wawili wamelala, na hao ni wachache mno kama nyumba ina ghorofa na ua. Ukishika nyumba ishirini na tano, umemaliza watu mia. Hao ishirini waliobaki ndio wabebe maji, ndio wabebe majeruhi, ndio walete risasi, na ndio waendelee kushambulia. Hakuna aliyekushinda, umetandazwa tu kama mkeka, na huna cha kukunjua tena.

Ukitoka kwenye kombania uje kwenye jeshi zima, hesabu ni ile ile. Waganda walitua Machi 2007, Warundi wakafuata Desemba. Mamlaka yao ya mwanzo yalikuwa kulinda, si kuuteka mji. Ethiopia ilipoondoka Januari 2009, wao ndio waliobaki na uwanja wa ndege, bandari, Villa Somalia na K4. Idadi iliyoruhusiwa ilikuwa askari 8,000 kwa mji wa watu zaidi ya milioni, na Umoja wa Mataifa uliipandisha hadi 12,000 Desemba 2010 tu. Ondoa wagonjwa, wapishi, walinzi wa uwanja wa ndege, walinzi wa misafara. Sasa niambie nani anaingia soko la Bakara, ngome ya adui, wiki ijayo.

Ndiyo maana kitu kilichousogeza mstari wetu mbele kuliko kifaru kilikuwa kiroba cha mchanga. Kiroba kilichojaa hufika kama kilo ishirini. Dirisha moja la kawaida linakula thelathini, arobaini. Kila tundu la nyuma tuliziba kwa viroba ili watu wawili wafanye kazi ya wanne, na hao wawili waliookolewa ndio walioshika nyumba inayofuata. Pwani mchanga umejaa, lakini katikati ya mtaa uliosakafiwa hakuna hata kiganja, kwa hiyo uliletwa kutoka nyuma, mkono kwa mkono, kupitia matundu yale yale, usiku kucha. Ukiniuliza mji ulivyosogea, ulisogea kwa kasi ya viroba.

Kuhusu vifaru nitasema machache. Mzinga wa kifaru chetu, T-55, haupandi vya kutosha kumfikia mtu aliye juu ya paa karibu, wala haushuki vya kutosha kwa aliye ndani ya handaki mbele yake, na waliomo ndani wanauona mji kupitia kioo cha upana wa kitabu. Bila askari wa miguu kukizunguka, ni jeneza. Warusi waliingia Grozny siku ya mwisho ya 1994 vifaru mbele, na Brigedi ya 131 ya Maikop ikateketea kwenye kituo cha treni. Kikiwa na watu wake, nyuma ya tuta la mchanga kwenye njia panda, hapo kifaru ni rafiki mkubwa: kinafunga barabara na kinatoboa ukuta nisioweza kuutoboa mimi.

Na wale wanaosema tungepiga mabomu kwa ndege: Marawi, Ufilipino, 2017, jeshi lilikuwa na ndege na lilipambana na wapiganaji wanaohesabika. Lilichukua miezi mitano, na katikati ya mji pakabaki magofu. Mosul ilichukua miezi tisa, Oktoba 2016 hadi Julai 2017, na angani kulikuwa na ndege za nusu ya dunia. Nyumba iliyobomolewa haimwondoi adui. Inampa kifusi, na kifusi ni ngome bora kuliko nyumba, kwa sababu hakina mlango wala ukuta wa kutoboa.

Kuna la mota, ambalo ningependa kulikwepa. Al-Shabaab walikuwa wakifyatua makombora mawili, matatu kutoka katikati ya watu, mara nyingi eneo la soko la Bakara, kisha wanaondoka na bomba lao. Sisi tulijibu. Jibu liliwakuta waliobaki, na waliobaki walikuwa wauza mchele na wateja wao. Mwaka 2011 misheni iliandikiwa sera ya kudhibiti makombora ya namna hiyo, na Bakara ikabanwa kutoka pembeni badala ya kupondwa. Lakini kabla ya hapo nimelala handakini, nimesikia mizinga yetu ikijibu, na moyo wangu ukafurahi. Silisemi hilo kwa wepesi.

Shaka yangu ya mwisho ni kubwa zaidi. Tarehe 6 Agosti 2011 tuliamka, al-Shabaab wameondoka mjini. Tulipiga picha Bakara. Ofisini wanasema tuliwashinda, na kweli tangu Februari ule Warundi walilipa kwa damu nyingi kwenye majengo ya zamani ya Wizara ya Ulinzi, Gashandhiga, nasi tulilipa mitaa mingine. Lakini adui alikuwa ameshajimaliza watu kwenye mashambulizi yake ya Ramadhani ya 2010, viongozi wake walikuwa wakigombana, na njaa iliyotangazwa Julai ilikuwa inamkausha. Ni kipi kilichomtoa? Miaka yote hii nimekuwa nikiipima mizani hiyo na haitulii. Hata miezi miwili haikupita, tarehe 4 Oktoba, lori lenye mabomu likalipuka K4 likaua makumi ya watu, wengi wakiwa wanafunzi waliokuja kuulizia masomo ya Uturuki. Hakuna ukuta niliotoboa uliomzuia dereva yule.

Mwezi ule, kando ya Shangani, alikuja mama mmoja kuidai nyumba tuliyokuwa tumeishika. Asili yake Barawa, akaongea nami Chimwini, Kiswahili cha kwao, nikamjibu kwa Kiswahili cha jeshi, tukaelewana bila mkalimani. Akapita chumba kwa chumba akihesabu matundu kwa sauti. Yalikuwa saba, na matano nilikuwa nimeyatoboa kwa mkono wangu. Nikamwambia tutaondoa viroba vyote kabla ya jioni ili apate nafasi. Akakishika kimoja, akakipapasa kwa kidole mahali kilipochanika.

"Mchanga uacheni, mwanangu," akasema. "Nitapigia lipu."