Je, wajua kwa nini faili ulilolifuta kwenye flashi hurudi, lakini la SSD halirudi?

Mtu amefuta kwa bahati mbaya picha za harusi kwenye memori kadi ya kamera. Fundi anaichomeka kwenye kompyuta, anaendesha programu ya bure, na picha karibu zote zinarudi. Wiki inayofuata analetewa laptop yenye SSD, yaani diski ya chipu isiyo na sahani zinazozunguka. Faili limefutwa jana tu, programu ni ileile, na haipatikani hata picha moja. Fundi hajapoteza ujuzi wake. Kilichobadilika ni kazi inayofanyika ndani ya chombo pale unapobonyeza "futa".

Chukulia gesti yenye vyumba vingi na daftari moja la mapokezi. Ukimwambia mhudumu amfute mgeni wa chumba namba 7, anapiga mstari kwenye daftari, basi. Mgeni mwenyewe bado amelala, na ataendelea kulala hadi chumba hicho apewe mtu mwingine. Diski hufanya hivyo ili kuokoa muda: kuandika sifuri juu ya video ya GB 4 kungechukua karibu muda uleule uliotumika kuinakili, ilhali kupiga mstari ni kufumba na kufumbua.

Mstari wenyewe unaweza kuuona. Flashi nyingi ndogo hutumia mfumo wa FAT32, ambamo kila faili lina rekodi fupi ya baiti 32. Ukilifuta, baiti ya kwanza, yaani herufi ya kwanza ya jina, hubadilishwa kuwa E5 kwa heksadesimali (hesabu ya msingi wa 16), na mnyororo unaoonyesha vipande vya faili vilipo hufutwa. Ndiyo maana programu za kurejesha hukuletea _ARUSI.JPG badala ya HARUSI.JPG. Kwenye NTFS, mfumo wa kawaida wa Windows, rekodi huachwa na jina lake zima na kuwekewa tu alama kwamba haitumiki. Huko majina na folda hurudi vizuri zaidi.

Na daftari lote likipotea, tuseme kadi imefomatiwa haraka? Hapo programu hupita mlango kwa mlango. Picha ya JPEG huanza na baiti FF D8 FF, PDF huanza na %PDF, na hati ya docx huanza na herufi PK kwa sababu ndani yake ni faili la zip. PhotoRec, programu ya bure ya Christophe Grenier, hutafuta alama hizo bila kujali majina, na kwa hiyo yanayorudi huitwa f pamoja na namba ya sekta, yaani kipande kidogo cha chombo ambapo faili lilianzia. Udhaifu wake ni faili lililotawanyika: likiwa nusu liko hapa na nusu kule, utapata picha yenye anga safi juu na kijivu kitupu chini. Kufomati kikamilifu ni jambo jingine kabisa. Tangu Windows Vista, huko huandikwa sifuri kila mahali, na hakuna cha kutafuta.

Kwa hiyo jambo la kwanza ni kuacha kuandika chochote kwenye chombo hicho. Zima kamera, toa kadi, sukuma kile kitufe kidogo cha pembeni mwa SD hadi upande wa kufunga. Kama faili lilikuwa kwenye diski ya ndani ya kompyuta, usipakue programu ya kurejesha kwenye diski hiyohiyo. Hata kuvinjari intaneti kunaandika mamia ya mafaili madogo, na kila moja linatafuta chumba. Zima mashine, kisha itoe diski au iwashe kompyuta kwa Linux, mfumo endeshi wa bure, iliyo kwenye flashi nyingine.

Pili, nakili chombo kizima kwanza, ndipo ufanye majaribio kwenye nakala. Kwa Linux tumia ddrescue, programu ya kunakili vyombo vyenye hitilafu. Ikiwa lsblk, amri inayoorodhesha diski, imekuonyesha kwamba kadi ni sdb (hakikisha mara mbili, kwa sababu kukosea herufi hapa ni msiba), ingia kwenye folda iliyo katika diski nyingine yenye nafasi ya kutosha, uandike:

sudo ddrescue -d -n /dev/sdb nakala.img nakala.map
sudo ddrescue -d -r3 /dev/sdb nakala.img nakala.map

Amri ya kwanza huchukua yanayosomeka kirahisi na kuruka sehemu ngumu. Ya pili hurudia sehemu ngumu mara tatu. Faili la .map hukumbuka ulipofika, hivyo umeme ukikatika unarudia amri ileile na kazi inaendelea ilipoishia.

Kisha andika photorec nakala.img. Chagua kizigeu (partition, yaani sehemu ya chombo yenye mafaili), chagua "Other" kama ni FAT, exFAT au NTFS, halafu "Free" kama mafaili yalifutwa tu, au "Whole" kama mfumo wenyewe umeharibika. Ukiulizwa pa kuweka matokeo, chagua folda ya diski nyingine na ubonyeze C. Watu wengi huharibu hapa: wanaelekeza matokeo kwenye kadi ileile, na picha zilizookolewa zinaandikwa juu ya zile zinazosubiri kuokolewa.

Kuna hali moja inayofanana na kupotea lakini siyo. Flashi imetoka stationery au internet café, unaifungua, folda zako hazipo, kuna njia ya mkato tu yenye jina la flashi. Bonyeza kulia, angalia nafasi iliyotumika. Ikiwa GB 6 bado zinahesabiwa, mafaili yapo, virusi vimeyaficha tu. Usibonyeze ile njia ya mkato mara mbili, maana ndiyo inayoviamsha virusi, na usifomati. Kwenye kompyuta yenye kinga ya virusi (antivirus) inayofanya kazi, fungua dirisha la amri, weka herufi ya flashi yako badala ya E, uandike:

attrib -h -r -s /s /d E:\*.*

Mafaili yataonekana, mara nyingine ndani ya folda isiyo na jina. Yahamishe, yapime kwa kinga, ndipo uisafishe flashi.

Turudi kwenye SSD. Seli zake haziwezi kuandikwa juu ya maandishi ya zamani. Ni lazima bloku nzima, yaani kundi kubwa la seli, isafishwe kwanza, na kusafisha huchukua muda. Ili SSD ipate nafasi ya kujiandaa, Windows tangu toleo la 7 la mwaka 2009 huipelekea taarifa iitwayo TRIM: sehemu hizi hazina mwenyewe tena. Katika gesti yetu, mhudumu akishapiga mstari anawaita wasafishaji papo hapo, na ukigonga mlango chumba ni kitupu. SSD nyingi zikishapata TRIM hujibu kwa sifuri kila programu inaposoma pale. Flashi na memori kadi nazo zimetengenezwa kwa seli za namna hiyo, lakini nyingi hazipewi taarifa hiyo na Windows. Hilo ndilo jibu la swali letu. Ukitaka kujua hali ya kompyuta yako, andika fsutil behavior query DisableDeleteNotify. Jibu likiwa 0, TRIM inafanya kazi.

Basi kwa SSD usipoteze siku tatu na programu za kurejesha, wala usinunue ile inayoahidi miujiza. Tafuta nakala: pipa la taka, viambatisho vya barua pepe, mtu uliyemtumia faili kwa WhatsApp, faili za .asd ambazo Word hujihifadhia yenyewe. Simu za sasa ni ngumu zaidi. Data yake imefungwa kwa ufunguo, na ukirudisha simu katika hali ya kiwandani ufunguo unatupwa.

Diski yenye sahani zinazozunguka ikianza kulia tik-tik, izime mara moja. Kichwa chake cha kusomea huelea nanomita chache tu juu ya sahani, na kila unapoiwasha kilichoharibika kinaweza kuendelea kukwaruza. Kuiweka kwenye friza huleta unyevu. Kubadilisha ubao wake wa umeme kwa ubao wa diski nyingine ya modeli ileile mara nyingi hakusaidii, kwa sababu ubao hubeba chipu yenye vipimo vya diski hiyo peke yake. Ikiwa data ni ya thamani, mpelekee mwenye chumba kisicho na vumbi na vifaa vya kazi hiyo, kabla mtu hajafungua skrubu.

Sasa, uhifadhi wapi? Anza kwa kuogopa flashi ya "TB 2" inayouzwa bei ya chakula cha mchana. Ndani kuna GB 8 au 32, na kontrola, chipu inayoendesha flashi, imepangwa idanganye. Mafaili ya mwanzo yanafunguka vizuri, yanayofuata yana jina na ukubwa bila kitu ndani. Ukinunua chombo, kijaze chote kabla ya kukiamini, kwa programu za kupima: H2testw kwa Windows, au f3write kisha f3read kwa Linux. TB 1 kuonekana GB 931 si utapeli. Kiwanda huhesabu kwa 1000 na Windows kwa 1024.

Kwa nakala kubwa, diski ya nje ya inchi 2.5 yenye sahani bado ndiyo yenye thamani nzuri kwa bei yake. Inakula umeme wa USB, hivyo umeme ukikatika laptop inaendelea kuilisha, tofauti na ile ya inchi 3.5 yenye adapta yake ukutani. Adui wake ni kuanguka. SSD ya nje huvumilia kuanguka, lakini haifai kuachwa kabatini miaka. Kiwango cha JEDEC, shirika linaloweka viwango vya chipu, kinaitaka SSD ya kawaida iliyokwisha kuchakaa ishike data mwaka 1 bila umeme katika nyuzijoto 30, na joto likizidi muda hupungua. Kabati la Dar au Mombasa mwezi Februari linajulikana.

Hifadhi ya mtandaoni ni nzuri kwa yale madogo yasiyofidika: vyeti, hati, hesabu. Google hutoa GB 15 bure. Kupandisha GB 500 kwa kasi ya megabiti 5 kwa sekunde kunachukua zaidi ya siku 9 mfululizo, achilia mbali bando. Tena folda inayojisawazisha siyo nakala: ukifuta huku, kunafutika na kule, na pipa la Google Drive hushika siku 30 tu.

Mpiga picha Peter Krogh alieneza kanuni ya nakala 3, kwenye aina 2 za vyombo, 1 ikiwa mbali na nyumbani. Kwa mtu wa kawaida hiyo ni laptop, diski ya nje, na diski ya pili kwa dada au mtandaoni. Diski ya nje ichomeke wakati wa kunakili tu. Virusi vinavyofunga mafaili na kudai fedha hufunga kila kilichochomekwa. Kwa Windows amri hii, inayonakili folda ya D kwenda diski ya nje E, inatosha:

robocopy D:\Kazi E:\Kazi /E /R:1 /W:1

Usiongeze /MIR bila kujua, kwa sababu huondoa kwenye nakala kila ulichofuta kwenye asili, hata kile ulichofuta kwa makosa. Mara moja kwa mwezi ichomeke diski kwenye kompyuta nyingine, fungua mafaili matano ya folda tofauti hadi ukurasa wa mwisho, na uandike tarehe kwenye kipande cha plasta juu ya diski.