Mjumbe hauawi, lakini balozi mkazi si mjumbe

Nimesahihisha insha nyingine inayoanza na "mjumbe hauawi". Ni ya ngapi sijui, nimeacha kuhesabu. Hoja huwa ni ileile: balozi wa zamani alikuwa mpeleka barua, mila ilimlinda, na mabalozi wa leo wamerithi kinga hiyohiyo. Methali haina kosa. Kosa ni kumvisha methali hiyo mtu asiyehusika nayo.

Mjumbe anafika, anasema alichotumwa, anapewa jibu, anaondoka. Balozi mkazi anahamia. Anapanga nyumba, anaajiri wapishi, anakopa, anasali, anawalipa watu wamletee habari, na kila wiki anamwandikia mfalme wake kwa maandishi ya siri. Desturi hii ilianzia katika miji ya Italia karne ya 15, na Hispania ikawa miongoni mwa falme za kwanza kuichukua. Rodrigo de Puebla alifika London mwaka 1488 kupanga ndoa ya Catherine wa Aragon na mwana wa Henry wa Saba, mfalme wa Uingereza. Mfalme Ferdinand wa Hispania, baba yake Catherine, alimlipa de Puebla kwa kusuasua, hata watu wa ikulu wakasema anakuja pale kufuata chakula. Mwaka 1507 Catherine mwenyewe, akiwa mjane wa miaka 21, alipewa hati za utambulisho awe balozi wa baba yake. Anaitwa balozi wa kwanza mwanamke Ulaya. Mimi sifa hiyo naipokea kwa mashaka, maana alikuwa mikononi mwa mfalme yuleyule aliyetakiwa kujadiliana naye.

Sasa tazama methali inavyokwama. Álvaro de la Quadra, askofu na balozi wa Philip wa Pili, mfalme wa Hispania, kwa Elizabeth, malkia wa Uingereza, aliishi Durham House, nyumba iliyokuwa na mlango unaofungukia mto Thames. Wakatoliki wa London walikuja kwake kusikiliza Misa, iliyokuwa imepigwa marufuku nchini. Mwanzoni mwa 1563 serikali ya Elizabeth ikabadilisha vitasa vya nyumba hiyo. Hakuna aliyemgusa hata unywele, lakini hakuwa tena na mamlaka juu ya nani anaingia na nani anatoka kwake. Akafa mwaka huohuo, na maiti yake ikakwama London kwa sababu ya madeni. Madrid nako, balozi wa Uingereza John Man alikatazwa ibada ya Kiprotestanti hata ndani ya nyumba yake, na mwaka 1568 akafukuzwa ikulu kwa madai kwamba alimtukana Papa. Uingereza haikuweka tena balozi mkazi Hispania hadi 1605. "Hauawi" inatusaidia nini hapo? Ugomvi ulikuwa juu ya vitasa, Misa na madeni, na methali haina neno juu ya hayo.

Kinachoniudhi zaidi ni vitabu vya kiada vinavyosema sheria ilikwisha kuwa wazi. Haikuwa wazi. Mwaka 1571 iligunduliwa njama ya Ridolfi ya kumpindua Elizabeth. Ndani yake walikuwamo mabalozi wawili: Guerau de Espés wa Hispania, na askofu John Leslie, aliyemwakilisha Mary wa Uskoti. Wanasheria wa malkia walipoulizwa, walijibu kwamba balozi anayechochea uasi dhidi ya mtawala aliyempokea amepoteza haki zake. Leslie akatiwa ndani kwenye ngome ya Tower. De Espés alifukuzwa nchini, basi. Njama moja, jiji moja, malkia mmoja. Lakini nyuma ya de Espés alisimama mfalme mwenye majeshi ng'ambo ya bahari, Uholanzi, na nyuma ya Leslie alisimama malkia aliyeng'olewa kwenye kiti na kufungwa humohumo Uingereza.

Miaka 12 baadaye kesi ikajirudia. Novemba 1583 Francis Throckmorton, Mwingereza Mkatoliki aliyekula njama dhidi ya Elizabeth, alikamatwa, akateswa, akamtaja balozi wa Hispania, Bernardino de Mendoza. Safari hii wanasheria wawili, Alberico Gentili, Mwitaliano Mprotestanti aliyekuwa Oxford, na Jean Hotman, walitoa rai kinyume: balozi hata akila njama haadhibiwi, anarudishwa kwao. Mwaka 1585 Gentili akatoa kitabu kizima juu ya mabalozi, na ndicho wanachokisifu wanaosema kinga ilizaliwa hapo.

Je, Elizabeth alimsikiliza Gentili, au Gentili alimpa maneno ya kisheria ya jambo alilokwisha kuliamua? Nimelifikiria hili miaka mingi na nimewahi kufundisha majibu yote mawili. Leo naelemea la pili: kumnyonga balozi wa Philip kungekuwa kutangaza vita, na malkia hakuwa tayari. Lakini siwezi kuapa, na namshangaa anayeandika kana kwamba alikuwa chumbani.

Chumba chenyewe tunakijua kwa maneno ya Mendoza. Januari 1584 aliitwa mbele ya Baraza la malkia, Walsingham, waziri wa Elizabeth, akamsomea mashtaka kwa Kiitaliano, akapewa siku 15 awe ameondoka. Katika barua aliyomwandikia Philip anadai aliwaambia wamfikishie malkia kwamba Bernardino de Mendoza hakuzaliwa kuvuruga falme bali kuziteka. Kumbuka anayesimulia ni yeye, na anamsimulia bwana wake.

Hispania haikuweka balozi mwingine London hadi mazungumzo yaliyoleta amani ya 1604. Mendoza hakupumzika. Mwaka huohuo wa 1584 Philip alimpeleka Paris kuwa balozi, na kutoka huko akaendelea na njama dhidi ya Elizabeth.