Kundi la kati si mstari wa katikati ya jedwali

Majedwali ya mavuno ya viazi yanayotufikia kutoka vijiji vya Mbeya msimu huu yamejazwa kwa bidii, na tunawashukuru maofisa ugani. Kinachoturudisha nyuma ni ule mstari wa chini, panapoandikwa kundi la kati, yaani kundi lenye kaya ya katikati kaya zikipangwa kwa mavuno, kutoka madogo hadi makubwa.

Chukua mfano huu wa kufundishia. Si takwimu rasmi. Kaya 50 zimeulizwa zilivuna gunia ngapi kwa eka. Kaya 4 zilivuna gunia 1–20, kaya 9 gunia 21–40, kaya 8 gunia 41–60, kaya 13 gunia 61–80, na kaya 16 gunia 81–100.

Wengi huandika 41–60 kwa sababu ni mstari wa tatu kati ya mitano. Hapana. Tunatafuta kaya ya katikati, hatutafuti mstari wa katikati. Wengine huandika 81–100 kwa kuwa lina kaya nyingi kuliko mengine. Hilo ni kundi lenye marudio (idadi ya kaya) makubwa kuliko yote, jambo jingine kabisa, na tumelieleza katika kila semina.

Nusu ya 50 ni 25. Limbikiza marudio kutoka juu, yaani kila kundi lijumlishwe na yaliyotangulia: 4, 13, 21, 34, 50. Kwenye 21 bado hujafika 25. Kwenye 34 umeshaipita. Kundi la kati ni 61–80. Jumla ikiangukia 25 kamili, chukua kundi hilohilo. Mpaka wake wa juu ndio thamani ya kati. Kuongeza moja kwenye idadi ya kaya kabla ya kugawa kwa mbili ni kwa data ambazo hazijawekwa kwenye makundi.

Anayetaka thamani yenyewe aanzie mpaka wa chini wa kundi hilo, 60.5, katikati ya 60 na 61. Toa 21 kwenye 25, unabaki na 4. Gawa kwa 13, zidisha kwa upana wa kundi, yaani 20 (kutoka 60.5 hadi 80.5, si 19), kisha ongeza 60.5. Utapata takriban gunia 66.7. Wakulima wawili watatu wenye mavuno makubwa mno wanaweza kupandisha wastani wa kijiji kizima. Thamani ya kati haiyumbi hivyo, ndiyo maana tunaing'ang'ania.

Sasa fomu. Safu ya marudio limbikizi isiachwe wazi, na namba yake ya mwisho ilingane na idadi ya kaya. Isipolingana, fomu inarudi kijijini. Ukikosea, usifute. Kata kwa mstari mmoja, andika sahihi pembeni, weka saini na tarehe. Gunia ni la kilo 100. Lumbesa, yaani gunia lililojazwa kupita kiasi, ipimwe kwanza, ndipo ihesabiwe. Kosa la kujumlisha tunalisahihisha pamoja nanyi, msiogope. Kutoa taarifa za uongo kwa makusudi ni suala jingine: ni kosa chini ya Sheria ya Takwimu, Sura ya 351. Majina ya wakuu wa kaya yasibandikwe kwenye ubao wa matangazo pamoja na jedwali; yanabaki kwenye dodoso, na dodoso linafungiwa kabatini.