Unga wa nondo haupofushi, jamani

Huku Malindi watoto bado wanaambiwa usimshike nondo, unga wake ukikuingia machoni basi umepofuka. Si kweli. Ule unga ni magamba madogo madogo yaliyopangana juu ya bawa kama makuti kwenye paa, na ndiyo yanayompa rangi, ukimshika yanakubakia vidoleni, na akinasa kwenye utando wa buibui yanamsaidia kuchomoka. Yakiingia jichoni yatakuwasha kidogo kama vumbi lolote, osha na maji safi usilifikiche, yaishe.

Chukua huyu mdogo mweupe anayeruka hata mchana, wataalamu wanamuita Utetheisa pulchella, mbawa akizikunjua hazizidi sentimita 4 hivi, zile za mbele zimejaa vidoa vyekundu na vyeusi mpaka watu wanadhani ni kipepeo (mi naona anawashinda vipepeo wengi kwa urembo), za nyuma nyeupe zenye ukingo mweusi. Sumu anayo kweli, ila iko mwilini, kiwavi wake anaipata kwa kula mimea kama ile jamii ya mitoo na ndege akimuonja anamuona mchungu, sasa wewe kama humli inakuhusu nini?

Wa kuogopa ni viwavi wenye manyoya, hao nywele zao zinawasha vibaya na zikichoma jicho ni hospitali moja kwa moja. Kuna na nondo wa Amerika Kusini, Hylesia, ambao hata wakishakua nywele zao zinatoa watu vipele, lakini hao hawako huku.