Ruzizi ni nini hasa: muto, baraji, mupaka ao plene?

Mutu wa Bukavu akikuambia "naenda Ruzizi" umuulize kwanza Ruzizi gani, juu Ruzizi ya kwanza na ya pili ni mipaka ya kuvukia Rwanda, tena kuko baraji Ruzizi ya kwanza na ya pili zenye zinatoa umeme, kisha ndugu wa Kamanyola, kule chini kusini, naye anasema iko plene (tambarare) ya Ruzizi. Wote wako na haki, jina lote limetoka kwa muto.

Muto wenyewe unaanzia hapa Bukavu, upande wa Nguba, njo mulango moja tu wenye maji ya Ziwa Kivu yanatokea. Unashuka kusini kilometa kama 117 mpaka Ziwa Tanganyika. Kivu iko mita 1,460 hivi juu ya bahari, Tanganyika karibu 770, lakini hizo mita zote hazishuki polepole: nyingi zinaishia mbele ya kufika Kamanyola, kwenye korongo ya mawe yenye maji yanapiga kelele, na baraji zote mbili zilijengwa huko (ya pili ni ya 1989). Mwenye alishapita kona za Ngomo, barabara ya kushukia Kamanyola, anajua, unatoka Nyangezi na jaketi, ukifika Kamanyola unaivua. Kuanzia pale muto unatulia, unajipinda-pinda, kuko muchele wa Luvungi, miwa ya Kiliba. Ile tambarare ya joto tu njo plene ya Ruzizi, usiweke Bukavu ndani.

Na bonde lenyewe muto haukulichimba. Ardhi ilipasuka ikazama katikati, ni kipande cha Bonde la Ufa, ile milima ya huku na ya ng'ambo njo kingo zake, Ruzizi imekuja nyuma sana. Zamani maji ya huku yalikuwa yanaenda kaskazini, Ziwa Edward mpaka Nile, volkano za Virunga zikafunga njia, ziwa likajaa, likajaa, mpaka likapata pa kumwagikia huku kusini. Kwa hiyo maji ya Bukavu leo yanapita Tanganyika, yanatokea kwa muto Lukuga, yanaingia muto Lualaba, muto Kongo, mpaka Atlantiki! Mimi hii kitu inanifurahisha kila nikisimama pale darajani.

Wazungu wenye walikuwa wanatafuta chanzo cha Nile walibishana sana kama Ruzizi inatoka Tanganyika ao inaingia. Wenyeji walishamwambia Burton 1858 kama inaingia, lakini ni mpaka 1871 Livingstone na Stanley walienda kwenye mdomo wa muto kujionea.

Kuhusu kuandika: kwetu Kongo ni Ruzizi, Rwanda na Burundi wanaandika Rusizi, na Rwanda wako na wilaya yenye hilo jina, ng'ambo tu ya Bukavu. Muto ni uleule: juu unatugawa na Rwanda, chini, kuanzia penye Ruhwa inaingilia, unatugawa na Burundi.